Mji wa Eldoret na Mashimo ya Wasirikwa

Mji wa Eldoret, ulio juu ya nyanda za Uasin Gishu, kiasi cha futi 7,000 kutoka usawa wa bahari, ulikuwa na namba kabla ya kupata jina. Makaburu walifika mwaka 1908 kwa magari ya kukokotwa na ng'ombe, na mwaka 1910 posta ikafunguliwa katika shamba namba 64. Wenyeji wakapaita Sisibo, ndiyo namba hiyo ya Kiingereza kwa matamshi yao. Jina Eldoret la mwaka 1912 latokana na Kimasai, maana yake mto wa mawe, yaani Sosiani. Reli ilifika mwaka 1924. Mwaka 2024 mji ukafanywa jiji.

Lakini kabla ya hao wote walikuwako Wasirikwa. Mashimo yao ya mviringo yangali yaonekana miteremkoni. Wengi hudhani yalikuwa nyumba, wala si ajabu. Kumbe wataalamu waliochimba waliona kuwa ni mazizi ya ng'ombe, na nyumba ilijengwa kando, mlango wake ukielekea zizini. Wasirikwa hawakuacha maandishi. Plau ikipita misimu michache, shimo husawazika, na mahindi hupandwa juu yake.