Muhammed Said Abdulla: Mzee wa Makunduchi na Mpelelezi Asiyepiga Ramli

Tassia, kama mitaa mingine ya Eastlands jijini Nairobi, haina uhaba wa waganga. Tangu kituo cha matatu hadi milango ya maghorofa tunamokaa, nguzo za umeme zimebandikwa vikaratasi vyao: huyu arejesha mume, yule aondoa mkosi, mwingine amtaja mwizi kwa jina lake. Wengi wao hujinasibisha na Pemba, Tanga au Lamu, kana kwamba pwani yetu haikuzaa ila uganga.

Si zamani sana, katika nyumba ya jamaa zetu ilipotea bangili ya dhahabu, amana ya mama kwa bintiye. Chumba kilipekuliwa, magodoro yakageuzwa, na jioni yake macho yote yakamwelekea binti wa kazi. Alikuwa na miezi mitatu tu katika nyumba ile, hana ndugu mjini, na siku hiyo alionekana akilia jikoni. Jirani mmoja akatoa simu yake, akaanza kusoma nambari aliyoinakili nguzoni. Nasi tuliokuwapo, twakiri, hatukumtetea binti yule kwa neno hata moja.

Aliyetuzuia ni bi mkubwa mmoja wa Mji wa Kale, Mombasa, aliyekuja kuwazuru wajukuu zake. “Kabla hamjampigia huyo mganga wenu,” alisema, “nijibuni: bangili ilivaliwa mara ya mwisho siku gani, na wapi? Bwana Msa angeanzia hapo.”

Vijana wakatazamana. Hakuna aliyemjua Bwana Msa. Ndipo tulipoona kuwa tuna deni kwa watoto wetu, na makala haya ni sehemu ya kulilipa.

Kutoka Makunduchi hadi meza ya mhariri

Muhammed Said Abdulla alizaliwa mwaka 1918 huko Makunduchi, kusini mwa kisiwa cha Unguja, mji unaojulikana kwa sherehe za Mwaka Kogwa na kwa lahaja yake ya asili. Alimaliza masomo yake ya skuli mwaka 1938, kisha akaajiriwa katika idara ya afya akiwa mkaguzi, yule ambaye watu walizoea kumwita Bwana Afya. Kazi hiyo humwingiza mtu uani na jikoni kwa watu, akatazama kisima, choo na jaa la taka, akauliza maswali ambayo mgeni mwingine haulizi. Hatuoni ajabu kwamba mtu aliyepitia kazi hiyo alikuja kuandika hadithi ambazo ndani yake kitu kidogo kilichotupwa pembeni hufichua jambo kubwa.

Mwaka 1948 aliingia katika uandishi wa magazeti, akawa mhariri wa Zanzibari. Katika miaka iliyofuata alisaidia uhariri wa Al-Falaq, Al-Mahda na Afrika Kwetu. Mwaka 1958 akakabidhiwa uhariri mkuu wa Mkulima, gazeti la mambo ya kilimo, na hapo akabaki hadi alipostaafu mwaka 1968. Katika miaka hiyo kumi Unguja ilitoka chini ya himaya ya Mwingereza, ikapata uhuru Desemba 1963, na mwezi mmoja baadaye ikaingia katika Mapinduzi ya Januari 1964. Yeye aliendelea kuhariri, na kando ya kazi yake akatunga hadithi.

Mwanzo wa sifa yake ni mashindano ya kuandika hadithi za Kiswahili ya mwaka 1957/58, yaliyotayarishwa na East African Literature Bureau. Hadithi yake, Mzimu wa Watu wa Kale, ilichukua tuzo ya kwanza, na mwaka 1960 ikatolewa kuwa kitabu. Wataalamu wengi wa fasihi huihesabu kuwa ndiyo iliyofungua mlango wa riwaya ya upelelezi katika Kiswahili. Zikafuata Kisima cha Giningi (1968), Duniani Kuna Watu (1973), Siri ya Sifuri (1974), Mke Mmoja Waume Watatu (1975), Mwana wa Yungi Hulewa (1976) na Kosa la Bwana Msa (1984). Zile nne za miaka ya sabini zilitolewa na East African Publishing House, hapa hapa Nairobi. Basi hadithi za Unguja zilikwisha kuwa na makao mjini humu kabla wengi wetu hatujapanda basi la kuja kutafuta riziki.

Bwana Msa na wenziwe

Bwana Msa ni mtu mtulivu, mwenye kiko mdomoni na subira kifuani. Wasomaji wa kwanza walimtambua mara moja kuwa ana undugu na Sherlock Holmes wa Sir Arthur Conan Doyle, na ni kweli kwamba mwandishi aliazima umbo la hadithi kutoka kwa Waingereza. Lakini alipolileta Unguja alilivika kanzu na kofia. Msaidizi wake ni Najum, mwepesi wa kukisia na mwepesi wa kukosea. Upande wa polisi yupo Inspekta Seif, mtu wa sheria, ambaye mara nyingi huona dhahiri lile linaloonekana tu, na lililofichika likampita.

Lililo kubwa zaidi ni jinsi mwandishi alivyozigeuza imani za watu kuwa mtihani wa akili. Mzimu ni mahali watu walipokwenda kuweka nadhiri na kuomba. Giningi, katika masimulizi ya Unguja, ni mji wa wachawi usioonekana kwa macho. Mwandishi aliyachukua majina hayo yenye kutisha, akayaweka juu ya majalada ya vitabu vyake, kisha ndani akaonyesha kwamba nyuma ya hofu yupo binadamu mwenye tamaa, husuda au siri. Anayeua si mzimu. Anayeua ni mtu anayejua kwamba wenziwe wanauogopa mzimu.

Waandishi waliomfuata walichukua njia nyingine. Faraji Katalambulla alitoa Simu ya Kifo mwaka 1965, na mwaka 1974 Elvis Musiba akamleta Willy Gamba katika Kufa na Kupona, jasusi wa mbio na risasi. Vijana waliwapenda, na wana haki. Bwana Msa hakimbii wala hapigani. Silaha yake ni swali.

Fumbo lililo nyumbani

Kuna jambo ambalo akina mama wataliona upesi katika riwaya za baadaye. Mauaji hupungua, na badala yake fumbo huchimbuka katika ndoa, talaka, nasaba na urithi: mtoto huyu ni wa nani, mali hii ni haki ya nani, mama yule alinyamaza kwa nini. Hayo ndiyo mambo yanayozivunja nyumba zetu hata leo.

Hatusemi kwamba kazi yake haina upungufu. Wahakiki wamelalamika kuwa ulimwengu wake ulibaki ule wa mashamba na wenye mali, hata baada ya Unguja yenyewe kubadilika, na kwamba matukio mengine yanakutana kwa bahati mno. Lakini Kiswahili chake ni hazina: utani wa barazani, heshima ya mazungumzo, maneno ambayo watoto wetu wa Tassia, waliolelewa na Sheng, huyasikia tu nyanya zao wanapokuja.

Alifariki mwaka 1991. Allah amrehemu.

Tulivyolimaliza shauri la bangili

Mwenye bangili alilijibu swali la bi mkubwa polepole. Aliivaa Jumapili harusini. Jumatatu? Jumatatu alikwenda kutoa mkono wa pole mtaa wa pili. Je, aliingia matangani na dhahabu? Hasha, aliivua njiani. Akaiweka wapi? Hapo akanyamaza, kisha akashika kichwa. Alikuwa ameifunga katika pindo la leso, na leso ile aliiacha kwa wafiwa. Ilipofuatwa, ilikutwa imekunjwa vizuri, fundo lake halijaguswa.

Binti wa kazi aliulizwa kilichokuwa kikimliza. Mamake alikuwa mgonjwa huko kwao, na hakujua aanzeje kuomba ruhusa.

Aliombwa radhi mbele ya wote, na sisi tukaomba pamoja nao. Alipokea kwa adabu, lakini mwisho wa mwezi akaenda kwao na hakurudi. Surat al-Hujurat imetuamuru tuzihakiki khabari tusije tukawadhulumu watu bila ya kujua, kisha tukajuta. Tulikuwa tumeihifadhi tangu madrasa.

Tangu hapo, Ijumaa baada ya Alasiri, watoto wa jengo letu hukusanyika, na mmoja husoma kwa sauti sura moja ya Mzimu wa Watu wa Kale. Aliye na nakala ya kitabu chochote cha mzee huyu kabatini asiiache ikaliwa na mchwa. Na ailete.