Ndoa za kanisani na vifo: hesabu iliyodanganya

Je, kufunga ndoa kanisani kunaua? Kati ya 1866 na 1911, Uingereza na Wales, sehemu ya ndoa zilizofungwa katika Kanisa la Anglikana ilikuwa ikipungua, na vifo vilevile. George Udny Yule, mwanatakwimu wa Scotland, alipima uhusiano wake: 0,95, karibu na moja kamili. Upuuzi mtupu, na yeye alijua.

Mwaka 1926 alieleza sababu: namba ya mwaka huu haiendi mbali na ya mwaka jana, kwa hiyo mambo mawili yanayoshuka pamoja huonekana kama ndugu. Hata hivyo, mwaka 1974 Clive Granger na Paul Newbold walionyesha kwamba wachumi walikuwa wangali wananaswa. Baadaye Granger alitafuta namna ya kutambua namba zenye uhusiano wa kweli. Kazi hiyo ilimpa Nobel mwaka 2003.