Kijana, mistari ya barabarani si urembo wa lami

UNAUKUMBUKA ule ubao wa mji wa mfano katika shule ya udereva? Ule wenye barabara zilizochorwa kwa rangi, mzunguko katikati, na kigari cha kuchezea ulichokuwa ukikisukuma kwa mkono huku ukimweleza mtahini kila unachofanya. Natazama kioo, nawasha indiketa, naingia leni ya kushoto. Ulikariri usiku kucha, ukapita, ukapata leseni, ukajipiga picha nayo ukaiweka kwenye statasi.

Sasa tuambiane ukweli. Tangu siku ile, ni lini uliitazama mistari ya barabarani ukajiuliza inakwambia nini?

Wengi wetu tuliisoma ile mistari ili kupita mtihani, basi. Tukishapewa gari, mwalimu wetu anakuwa matatu iliyo mbele. Ikivuka mstari, nasi twavuka. Ikipanda kando ya lami kukwepa msongamano, twaifuata. Mistari inabaki kama maua ya leso, kitu cha kupendezesha tu.

Haya basi, chukulia ni Desemba. Umeaminiwa gari la mzee ulipeleke ushago. Ndani mna mamako, dadako mdogo na binamu wawili. Mbele yako kuna trela limebeba kontena, linapanda mlima kwa mwendo wa kinyonga. Umekaa nyuma yake dakika kumi na moshi wote unauvuta wewe. Mara binamu anaanza: "Aah, ovateki huyo! Kwani tutafika kesho?" Nyuma yako nganya inapiga honi. Unachungulia upande wa kulia. Huoni gari. Lakini katikati ya barabara kuna mstari mmoja mrefu usiokatika.

Utafanya nini?

Kabla hujajibu, fahamu kwamba mstari huo haukuchorwa na mtu aliyeamka vibaya akaamua kukuchelewesha. Wahandisi hupima umbali ambao dereva aliyeketi kwenye gari anaweza kuona mbele. Panapokuwa na kona, mlima au bonde linaloficha magari, mstari huacha kukatika. Kwa lugha rahisi, unakwambia: hapa huoni mbali vya kutosha, hata kama unadhani unaona.

Kusoma mstari wa katikati

Tuanze na barabara ya kawaida, ile ambayo magari yanayokwenda na yanayokuja yanatumia lami moja. Kenya tunaendesha upande wa kushoto, kwa hivyo mstari wa katikati uko kulia kwako. Rangi isikubabaishe, iwe nyeupe au ya manjano. Wewe tazama umbo.

Mstari wa vipandevipande unakuruhusu kupita gari lililo mbele iwapo njia ni nyeupe. Makini hapo: unakuruhusu, haukuamuru. Uamuzi bado ni wako, na lawama pia.

Mara nyingi vile vipande vikianza kuwa virefu na nafasi kati yavyo kupungua, barabara inakuonya kwamba hatari iko karibu na huenda mstari usiokatika unafuata. Huo si wakati wa kukanyaga mafuta ili uwahi. Kama ulikuwa hujaanza kupita, tulia.

Mstari mmoja usiokatika maana yake ni usivuke kwenda kupita gari jingine. Mistari miwili inayokwenda sambamba bila kukatika inawaambia hivyo hivyo madereva wa pande zote mbili.

Kisha kuna ile inayowachanganya wengi: mistari miwili, mmoja mzima na mwingine wa vipande. Siri ni moja tu. Fuata ule ulio karibu nawe. Ukiwa karibu na wa vipande, unaweza kupita ukiona ni salama, ila uwe umerudi upande wako kabla mambo hayajabadilika. Ukiwa karibu na ule mzima, baki nyuma. Utaiona sana kwenye milima, ambapo mmoja anaona mbali na mwenzake haoni kitu.

Hesabu ya sekunde kumi na moja

Labda unasema, "Mimi gari langu lina nguvu, ni kugusa tu." Sawa, tupige hesabu pamoja.

Trela linakwenda kilomita 60 kwa saa. Wewe unalipita ukiwa kwenye 80. Umelizidi kwa kilomita 20 kwa saa, yaani mita tano na nusu hivi kila sekunde. Sasa jumlisha nafasi ya kuanzia nyuma yake, urefu wa trela, urefu wa gari lako, na nafasi ya kurudi kushoto bila kulikwaruza. Hizo ni mita 60 hivi. Utahitaji kama sekunde 11.

Katika sekunde hizo 11, gari lako litakuwa limesonga takriban mita 240. Na kama upande wa pili kuna gari linalokuja kwa kasi ya 80, nalo litakuwa limesonga mita 240. Ukijumlisha, unahitaji karibu nusu kilomita ya barabara tupu unayoiona kwa macho yako. Hiyo ni kama kupanga viwanja vya soka karibu vitano, kimoja mbele ya kingine.

Sasa rudi kwenye ule mlima ukiwa na mamako na dadako garini. Unaona viwanja vitano? Huoni hata kimoja na nusu. Ndiyo maana mstari pale haujakatika.

Tuna msemo kwamba ajali haina kinga. Huwa tunautumia kufarijiana matangani, na hapo una mahali pake. Lakini ajali ya kugongana ana kwa ana kwenye kona ina kinga, tena imechorwa kwa rangi.

Rangi ikishindwa, zege

Kuna mahali ambapo rangi peke yake haikutosha. Kwenye barabara kuu ya Nakuru kuelekea Eldoret, kipande cha Sachangwan hadi Salgaa kilisifika kwa mabaya kwa miaka mingi. Ni mteremko mrefu, na kulikuwa na madereva wa malori waliozoea kutoa gia ili kuokoa mafuta. Lori lenye mzigo likiachiliwa hivyo, breki huzidiwa.

Alfajiri ya Desemba 31, 2017, basi na lori ziligongana ana kwa ana eneo la Migaa, karibu na Sachangwan. Watu 36 walifariki, mwaka mpya ukiwa umebakisha saa chache tu. Mwaka uliofuata, kipande hicho kilitenganishwa kwa ukuta wa zege katikati.

Ukuta kama ule, pamoja na zile kingo za chuma unazoziona kwenye Barabara Kuu ya Thika, kazi yake ni kuhakikisha kosa la dereva mmoja haliwi msiba wa familia iliyo upande wa pili. Ukipoteza mwelekeo, utagonga zege au chuma na gari litaharibika. Afadhali hivyo kuliko kumgonga mtu aliyekuwa akijiendea zake kazini.

Ndiyo maana inauma kuona kingo hizo zikifunguliwa usiku na kuuzwa kama vyuma vikuukuu. Anayeng'oa kipande cha chuma pale huenda akapata hela ya siku mbili, lakini ameacha pengo ambalo gari litalipata siku moja.

Inauma vilevile kumwona mwenzetu wa bodaboda akiingia upande usio wake kwa sababu pa kugeukia ni mbali. Barabara iliyogawanywa humfanya dereva wa upande ule aamini kwamba hakuna kitu kinachoweza kumjia kutoka mbele. Hakutarajii kabisa. Na wewe unayetembea kwa miguu, ukiruka ukuta wa katikati ilhali kivuko cha juu kiko hatua chache kutoka hapo, unamshtua dereva ambaye pengine yuko kwenye 80 au zaidi.

Leni si ya kukaa tu

Kwenye barabara zenye leni kadhaa upande mmoja, kosa letu kubwa ni kudhani leni ya kulia ni ya wenye magari makubwa au wenye haraka. Leni ya kushoto ndiyo ya kusafiria. Ya kulia ni ya kupitia. Ukishampita mwenzako, washa indiketa, tazama kioo, geuza shingo kidogo uangalie pale kioo kisipofika, kisha urudi kushoto. Ukiganda kulia kwenye mwendo wa pole, walio nyuma wataanza kukupita upande wa kushoto, na huko ndiko kwenye matatu zinazosimama ghafla kuchukua abiria.

Ukikaribia makutano, mishale iliyochorwa kwenye lami inakwambia kila leni inaelekea wapi. Chagua mapema. Je, ukijikuta umeingia leni ya kupinda kulia na wewe unataka kwenda moja kwa moja? Pinda. Ndiyo, nasema pinda. Utageuka mbele, upoteze dakika tano. Kukata leni za wenzako dakika ya mwisho kunaweza kukugharimu taa, mlango au mtu.

Katika baadhi ya makutano utakuta sanduku kubwa lililojazwa michirizi ya manjano. Usiingie mpaka uone nafasi ya kutokea upande wa pili, hata kama taa ni ya kijani. Anayeingia na kukwama mle ndiye anayefunga barabara zote nne na kutufanya tufike nyumbani usiku.

Mstari mnene unaokata leni yako kabla ya makutano ni wa kusimama. Simama nyuma yake, usiukalie. Ule wa vipande mdomoni mwa barabara ndogo unakwambia uwapishe walio kwenye barabara kubwa. Milia ya pundamilia ni ya waenda kwa miguu. Punguza mwendo, na usimpite gari lililosimama hapo, kwa maana huenda limempisha mtoto ambaye wewe humwoni.

Na ule mstari wa pembeni, unaotenganisha lami na ukingo? Nje yake kuna mama anayerudi sokoni, wanafunzi, baiskeli na bodaboda. Tunapopanda huko kukwepa foleni, tunawasukuma wao mtaroni.

Rangi ikiwa imefutika je?

Najua utaniambia: "Mistari gani? Huku kwetu imefutika kitambo." Ni kweli. Barabara nyingi mashinani hazijawahi kuchorwa kabisa, na nyingine ziliwekwa lami mpya na rangi haikurudi. Usiku wa mvua, hata mistari iliyopo hupotea chini ya mng'aro wa maji.

Hapo ndipo unapojua kama ulielewa somo au ulikariri. Mstari ukifutika, kona haijafutika. Mlima bado upo. Kwa hivyo uchore mwenyewe akilini: nikiwa sioni nusu kilomita mbele, mstari wangu haujakatika. Nikikaribia daraja jembamba, makutano au kivuko, haujakatika. Ukungu ukitanda, haujakatika mpaka utakapoondoka.

Na ukumbuke kwamba ukitoka Nairobi kwenda Mombasa, sehemu kubwa ya safari kupitia Emali, Mtito Andei na Voi, hakuna ukuta wa zege. Kinachokutenganisha na trela linalokuja ni rangi na busara ya watu wawili wasiojuana. Yeye anakuamini utabaki upande wako. Wewe pia unamwamini.

Wewe uliye abiria

Huenda huna gari, wala leseni hujafikiria. Bado hili linakuhusu. Siku nyingine ukiwa umeketi mbele kwenye matatu, tazama ule mstari. Ukimwona dere anauvuka kwenye kona, fungua mdomo. Mwambie kwa heshima, "Dere, tupeleke polepole, tuna watu wanatungoja." Makanga anaweza kukucheka. Mwache acheke. Utashangaa ni abiria wangapi walikuwa wakingoja mtu mmoja aanze.

Na wewe binamu wa kiti cha nyuma, mwenye kusema "ovateki huyo", jua kwamba nawe unashika usukani kwa mdomo. Dereva chipukizi anaogopa kuchekwa kuliko anavyoogopa trela. Ukinyamaza, umemsaidia.

Turudi basi kwenye ule mlima wa Desemba. Trela bado liko mbele, moshi bado unafuka, nganya bado inapiga honi. Mstari haujakatika. Ongeza nafasi kidogo kati yako na trela ili uone vizuri, funga dirisha, mwambie dadako abadilishe wimbo. Mlima utaisha. Ukifika juu, barabara itanyooka, na utaona vipande vya rangi vikianza tena mmoja baada ya mwingine. Tazama mbele, hesabu viwanja vyako vitano, washa indiketa, kisha upite.

Mtafika ushago mkiwa mmechelewa dakika kumi. Chakula kitakuwa kimepoa kidogo. Kitapashwa moto.