Yoga na Utulivu wa Mwalimu Darasani

Mwalimu aendaye kufanya mazoezi ya kufundisha katika shule za Magomeni hana budi kujiandaa kwa wingi wa watoto na kwa kelele za mji. Barabara ya Morogoro hupita hapo hapo, na ng'ambo ya bonde la Msimbazi ipo Kariakoo na soko lake. Ifikapo adhuhuri, mwalimu aliyesimama tangu asubuhi huumwa mgongo, sauti humkauka na subira humwishia. Ndipo kosa dogo la mtoto huadhibiwa kama kosa kubwa. Makala haya yaeleza jinsi yoga, ikifanywa kila siku, iwezavyo kumsaidia.

Neno yoga latoka katika Kisanskriti, na asili yake ni kufunga nira, yaani kuunganisha. Ni mafunzo ya kale ya India yanayounganisha mkao wa mwili, pumzi na fikra. Chimbuko lake lina uhusiano na dini za huko, lakini mazoezi ya viungo na pumzi hufanyika bila ibada yoyote. Mzazi akiuliza, aelezwe hivyo waziwazi.

Moyo huongeza kasi kidogo tuvutapo pumzi na huipunguza tuitoapo. Kwa hiyo anayetoa pumzi taratibu huusaidia mwili kutulia. Kuhusu mgongo, mapitio ya Cochrane ya mwaka 1917 hayakuwapo. Yaliyotolewa mwaka 2017, yakichunguza majaribio 12, yalionyesha kuwa yoga huwapa nafuu ya kiasi wenye maumivu ya kiuno ya muda mrefu, kuliko kutofanya mazoezi kabisa.

Hatua zenyewe ni hizi:

1. Simama wima, miguu ikiachana kidogo, mabega yakilegea.

2. Vuta pumzi kwa pua ukihesabu hadi 3. Itoe ukihesabu hadi 5. Rudia mara 6.

3. Inua mikono ukivuta pumzi; inama upande wa kulia ukiitoa, kisha wa kushoto.

4. Keti, fumba macho, fuatisha pumzi yako kwa dakika 1.

Dakika 10 za kila alfajiri zafaa kuliko saa nzima mara moja kwa mwezi. Mwili hujifunza kwa kurudia, kama mtoto ajifunzavyo kusoma. Na aliyezoea pumzi hii wakati wa utulivu ataikumbuka wakati wa hasira.

Darasani, hatua ya 1 na ya 2 zatosha baina ya vipindi, kila mtoto akisimama penye dawati lake. Asilazimishwe mtu, wala asizuie pumzi. Aonaye kizunguzungu aketi. Mwenye maumivu makali amwone daktari kwanza.

Yoga haipunguzi idadi ya watoto wala haijengi vyumba vya madarasa. Hayo yabaki kudaiwa. Lakini humpa mwalimu nafasi ya pumzi moja kabla ya kuinua fimbo, na nafasi hiyo yatosha kuchagua neno.