Fort George: Askari wakiondoka, historia ibaki nzima

Mpango wa Wizara ya Ulinzi ya Uingereza usipobadilika, ifikapo mwaka 2032 wanajeshi watafungasha virago na kuihama Fort George, ngome ya mawe iliyoko kaskazini mwa Uskoti, kilomita zipatazo 18 kutoka mji wa Inverness. Ngome hiyo ilikamilika mwaka 1769. Kwa zaidi ya miaka 250 imefanya kazi ileile iliyojengewa: kulaza askari, kuwafunza na kuwatuma vitani.

Uamuzi wa kuifunga ulitangazwa Novemba 2016, pale Waziri wa Ulinzi wa wakati huo, Michael Fallon, alipotaja vituo 56 vya kijeshi ambavyo Uingereza ingeviacha. Serikali ilisema jeshi lina majengo mengi kuliko mahitaji yake, tena ni ya zamani na yanameza fedha kuyatunza. Lengo likawa kuyapunguza kwa asilimia 30 ifikapo mwaka 2040.

Kwa mhasibu, hoja hiyo ina mashiko. Lakini Fort George imebeba deni ambalo haliandikwi kwenye daftari la mhasibu, na sehemu ya deni hilo inatuhusu sisi wa Afrika Mashariki.

Ngome iliyozaliwa na hofu

Tarehe 16 Aprili 1746, katika uwanda wa Culloden, jeshi la Mfalme George II liliwasambaratisha wafuasi wa Charles Edward Stuart, mwanamfalme aliyetaka kurejesha kiti cha enzi alichopoteza babu yake. Mapigano hayakufika saa moja. Adhabu ndiyo iliyodumu. Nyumba zilichomwa moto, mifugo ikaswagwa, na wenyeji wa Nyanda za Juu za Uskoti wakanyang'anywa silaha. Sheria ikawakataza wanaume kuvaa kilti na mavazi mengine ya jadi yao, na haikufutwa hadi mwaka 1782.

Katika uasi huohuo, ngome ya serikali mjini Inverness ilikuwa imelipuliwa. Watawala wakaapa kujenga nyingine ambayo hakuna mwasi angethubutu kuigusa. Kazi ilianza mwaka 1748 chini ya mhandisi wa jeshi, William Skinner, na ukoo wa wajenzi mashuhuri wa Adam ukashika kandarasi. Makadirio ya awali yalikuwa pauni 92,673. Kazi ilipokwisha, miaka 21 baadaye, gharama ilikuwa imepita pauni 200,000.

Ukiitazama leo unaelewa fedha zilikokwenda. Imekaa kwenye rasi, bahari ikiizunguka pande tatu. Upande wa nchi kavu unavuka handaki pana kwa daraja la mbao kabla ya kufika lango kuu. Kona za kuta zimechomoza nje, ili mizinga ya kona moja imfagie adui aliyejibanza chini ya ukuta wa jirani. Ndani kuna mabweni ya askari 1,600, kanisa, na ghala la kuhifadhi mapipa zaidi ya 2,500 ya baruti, ambalo milango yake ilifunikwa shaba ili cheche ya chuma isije ikawapeleka wote ahera.

Adui aliyesubiriwa hakutokea. Ngome ilipokamilika, uasi ulikuwa umezimika zamani, na kuta hizo hazijawahi kushambuliwa hata mara moja.

Watawaliwa wageuzwa watawala

Kilichofuata ndicho kinachonigusa zaidi. Vijana wa jamii iliyojengewa ngome ya kuitisha ndio walioanza kuandikishwa kuwa askari wa mfalme. Katika miaka ya marufuku, mwanamume aliyetaka kuvaa kilti bila kukamatwa alikuwa na njia moja ya uhakika: ajiunge na jeshi. Baadaye wenye ardhi walipowafukuza wakulima kupisha kondoo, sare na mshahara vikawa kimbilio la wengi. Mwaka 1793 rejimenti ya 78 ya Highlanders, yaani watu wa Nyanda za Juu, ilikusanywa papo hapo Fort George. Kuanzia mwaka 1881 ngome ikawa makao ya rejimenti ya Seaforth Highlanders.

Msomaji wa huku hahitaji kuelezwa sana jambo hilo. Babu zetu waliovalishwa sare za King's African Rifles na kupelekwa Burma walitoka katika jamii ambazo bunduki hizohizo zilikuwa zimezitiisha muda si mrefu kabla yake.

Kutoka Korea hadi Nyandarua

Tangu mwaka 2007 Fort George imekuwa nyumbani kwa Black Watch, ambayo sasa ni batalioni ya tatu ya Rejimenti ya Kifalme ya Uskoti. Wazee wa Kenya ya kati wana sababu ya kulikumbuka jina hilo. Mwaka 1953 Black Watch ilitoka vitani Korea ikaletwa Kenya kupambana na Mau Mau, wapiganaji wa uhuru wa misitu ya Nyandarua, na ilikaa hadi mwaka 1955.

Hiyo ilikuwa miaka ya Hali ya Hatari. Watu zaidi ya milioni moja walihamishwa kwa nguvu na kuingizwa katika vijiji vya ulinzi, na maelfu kwa maelfu walifungwa kizuizini bila kesi. Juni 2013 serikali ya Uingereza ilikiri kwamba Wakenya waliteswa chini ya utawala wa kikoloni, ikaeleza masikitiko yake na kukubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa ajili ya wadai 5,228. Wengi wa walioteswa walikuwa wameshafariki.

Nani ataachiwa kuta?

Nje ya ngome kuna kijiji cha Ardersier, kinachojua uchungu wa kupoteza mwajiri. Karakana kubwa ya mitambo ya mafuta ya baharini iliyokuwa jirani ilifungwa mwanzoni mwa miaka ya 2000. Familia za askari zinunuapo dukani na kupeleka watoto shuleni, uhai wa kijiji unaendelea. Ndiyo maana wakazi na viongozi wao waliupinga uamuzi wa mwaka 2016.

Kuta zenyewe zinalindwa kisheria. Taasisi ya Historic Environment Scotland huwapokea watalii hata sasa, na ndani kuna Makumbusho ya Highlanders, yenye maelfu ya medali na sare. Juu ya ukuta mmoja lipo hata eneo dogo la makaburi ya mbwa wa rejimenti, kila mmoja na jiwe lake. Waliotunza kumbukumbu za mbwa kwa upendo huo hawawezi kushindwa kuwakumbuka watu.

Kwa hiyo, kabla ya bendera kushushwa, wizara iseme wazi ni nani atalipia matunzo ya ngome, na wanakijiji wawe na kauli katika kuamua matumizi yake mapya. Historia itakayosimuliwa humo isiishie kwenye medali. Itaje nyumba zilizochomwa baada ya Culloden, na itaje pia vijiji vya ulinzi vya Kenya. Watafiti wa Kenya waalikwe, na kumbukumbu za walionusurika zipewe chumba chao. Mjukuu wa mpiganaji wa Nyandarua ana haki ya kuikuta habari ya babu yake ndani ya kuta hizo, sawasawa na mjukuu wa aliyeanguka Culloden.