Limau la Frampton na Ndizi za Ngara

Filamu za avangadi, yaani kazi za wasanii waliokataa kanuni za sinema ya biashara, ziliwahi kukigeuza chakula cha kawaida cha nyumbani kuwa mhusika mkuu, bila kisa wala mazungumzo. Mfano ulio wazi ni Lemon, filamu fupi isiyo na sauti ya Mmarekani Hollis Frampton, iliyotengenezwa mwaka 1969, ambamo limau moja hutulia mahali pamoja kwa takribani dakika 7 huku mwanga ukisogea polepole juu ya ganda lake, hata mwisho likabaki umbo jeusi tu. Kabla yake, mwaka 1964, Andy Warhol alitoa Eat, ambamo msanii Robert Indiana anakula uyoga mmoja. Hiyo si fupi hata kidogo, na kwa kuwa vipande vyake havikupangwa kwa mfuatano, uyoga huonekana ukirudi kuwa mzima baada ya kuumwa.

Tanganyika ilikutana na chakula katika sinema kwa njia nyingine kabisa. Kati ya mwaka 1935 na 1937 mradi wa filamu za elimu uliokuwa na makao yake Vugiri, Usambara, chini ya Meja L. A. Notcutt, ulitengeneza filamu za mafunzo, mojawapo ikihusu kilimo cha kahawa chini ya kivuli cha migomba, na maelezo yake yaliwekwa kwenye santuri ili yaweze kutolewa kwa lugha mbalimbali. Somo la namna hiyo halikuacha nafasi ya kulitazama tunda lenyewe, kwa sababu kila picha ilikuwa na jambo la kuagiza.

Huko Ngara na Biharamulo, mkoani Kagera, ambako ndizi kwa maharage ni mlo wa kawaida, mbinu ya Frampton ingefaa mkungu mbichi, lakini ingekwama kwenye ndizi za rubisi, pombe ya asili ya mkoa huo, kwa kuwa hizo huivishwa zikiwa zimefunikwa shimoni, ambako mwanga haufiki. Msanii angelazimika kusubiri zifukuliwe, kisha aelekeze kamera kwenye mikono inayozikamua kwa nyasi, na baadaye kwenye mtama uliokaangwa unapochanganywa na juisi, povu likianza kupanda.