Je, Wajua? Wachawi wa Macbeth Waligeuzwa Polisi wa Mumbai

Vishal Bhardwaj, mwongozaji filamu wa India, alianza kama mtunzi wa muziki. Nyimbo za Maachis (1996) ndizo zilizompa jina. Baadaye akazigeukia tamthilia za Shakespeare, akazihamishia India. Macbeth ikawa Maqbool (2003), katika magenge ya wahalifu wa Mumbai. Wale wachawi watatu wa tamthilia hiyo hawamo. Badala yao wamo polisi wawili wala rushwa wanaopiga ramli kwa kuchora nyota, na hao hao ndio wachekeshaji wa filamu. Hata ule msitu unaotembea katika tamthilia umegeuka bahari: Maqbool, mhusika mkuu, anaambiwa yuko salama mpaka bahari itakapofika nyumbani kwake.

Othello ikawa Omkara (2006), miongoni mwa wababe wa siasa wa Uttar Pradesh. Hamlet ikawa Haider (2014), katika Kashmir ya mwaka 1995 yenye wanajeshi kila kona. Kwangu mimi, hiyo ndiyo nzito kuliko zote. Mwigizaji Tabu ni mwanamke mchochezi katika Maqbool, na katika Haider ni mama wa kijana anayetaka kisasi. Muziki wa zote tatu aliutunga Bhardwaj mwenyewe.